Kipande Juu ya Jani la Tambuu

Bi Mwanamkasi alipanda barazani kwa Gharib Pandu na mwavuli mweusi mkononi, mwanawe Mize nyuma yake kampakata mtoto, na hata salamu haikuwa imekwisha kujibiwa alipolitoa alilolijia.

"Ana vilimi viwili, Bwana Gharib. Nimeviona kwa macho yangu mawili alipokuwa akilia. Nataka vyote vitoke leo."

Gharib alikuwa katikati ya kichwa cha mteja. Nusu kilikuwa kinang'aa, nusu bado kina povu. Akamaliza mkwaruzo mmoja, akaufuta wembe kwenye kitambaa begani, akasema, "Shikamoo, Bi Mwanamkasi. Karibuni mkae."

"Marahaba. Hatukuja kukaa."

Ilikuwa mwaka wa hamsini na nne, na hapo Mkunazini hapakuwa na mtu asiyemjua Gharib. Alikuwa kinyozi, mtu wa Tumbatu kwa asili, mwembamba, mdomo mwekundu daima kwa tambuu. Wanaume walimjia kunyolewa na kusikia habari za mji. Wanawake walimjia kwa jambo jingine. Mtoto akikohoa kikohozi kisichokatika, au akitapika kila anyonyeshwapo, watu walisema kilimi kimemrefukia, yaani kile kinyama kinachoning'inia nyuma kabisa ya kinywa, pale koo linapoanzia. Dawa yake, kwa walivyoamini, ilikuwa kukikata. Na mkono uliosifiwa kwa wepesi, kutoka Malindi mpaka Kikwajuni, ulikuwa wa Gharib.

Kazi hiyo alifundishwa na mjomba wake, Jecha, kisiwani kwao. Mzee yule hakumpa kisu mpaka alipoijua dari ya kinywa gizani. Alimkalisha chini akamwambia atumie ulimi wake mwenyewe. Upeleke nyuma ya meno ya mbele: hapo pana matuta, kama mchanga wa pwani maji yakishatoka. Urudishe nyuma zaidi: matuta yanakwisha, dari inakuwa nyororo, lakini ngumu, mfupa mtupu uliofunikwa ngozi, na katikati yake unapita mshono mwembamba kutoka mbele hadi nyuma. Hilo ndilo kaakaa gumu, nalo halina hila, limekaa tu kama dari ya nyumba. Endelea kurudi. Mfupa unakwisha ghafla, ulimi unagusa kitu kinachobonyea.

"Hapo ndipo uanze kuogopa," mjomba alimwambia. "Hilo ni pazia. Mtu akimeza, linapanda na kuuziba mlango wa pua. Akisema, linapanda na kushuka bila yeye kujua. Kilimi ni upindo wa pazia tu. Ukikata upindo, pazia linabaki. Ukilikata pazia lenyewe, Gharib, hakuna fundi wa kulishona."

Na siku nyingine, wakiwa wanarudi kutoka kwa mgonjwa, alimwongezea neno moja: ukikuta kilimi pacha, rudisha kisu kwenye ala uende zako. Hakueleza kwa nini, wala Gharib hakuuliza. Katika umri wake wote wa kazi hakuwahi kukutana nacho.

Alimnyoa mteja wake nusu ya kichwa iliyobaki, akamwaga maji machafu, akaosha mikono kwa sabuni, akamgeuza mtoto uso utazame mwangaza wa njia.

Jina lake Wanu, mtoto wa kike. Arubaini yake ilikuwa imepita kidogo tu, naye alikuwa mwepesi kama kifaranga, ngozi ya mapaja imelegea. Mdomo wake ulikuwa mzima, mzuri, hauna hitilafu. Gharib akapeleka kidole chake cha mwisho ndani. Ufizi mzima. Matuta yapo. Mfupa upo, mshono wake upo. Akasogea nyuma, polepole, hadi pale mfupa unapoishia, pale ambapo kila mara kidole chake hukutana na kijinundu kidogo cha katikati. Hakukikuta. Badala yake palikuwa na pengo lenye umbo la ukucha, na baada ya pengo hapakuwa na kitu. Kidole kiligusa pumzi ya moto.

Mtoto akalia. Gharib akaukandamiza ulimi kwa mpini wa kijiko, akainama. Aliliona pazia limegawika katikati toka juu hadi chini, kila upande umejivuta kwake, na kila upande umening'iniza nusu yake ya kilimi. Vilimi viwili havikuwapo. Kulikuwa na kimoja ambacho nusu zake hazikupata kukutana.

Akatoa kijiko.

"Huyu si wa kukatwa," alisema. "Ana tundu juu, nyuma huku. Mpelekeni hospitali."

"Tundu?" Bi Mwanamkasi aliukita mwavuli kwenye sakafu. "Mtoto mzuri kama huyu, mdomo wake kama ua la asumini, unamtia tundu?"

"Simtii mimi, Bi."

"Kaka yake tulimpeleka huko huko hospitali. Maziwa yalimtoka puani hivi hivi, na sisi tukakaa tunangoja, mara kafusho la kumfukizia, mara mafuta ya habbasoda, tumekuja kumfikisha kwa madaktari keshakwisha. Nikajiapia. Wa pili huyu sitomngojea mtu. Kilimi kitoke."

Kanga ya Mize ilikuwa imelowa kifuani, maziwa yakimchuruzika bure. Alijaribu kumtia mtoto ziwani palepale, kwa kujificha nyuma ya mlango. Wanu alivuta, akavuta, hakupata kitu, kisha akapaliwa, na maziwa machache yaliyoingia yakamtoka puani kwa mapovu madogo meupe.

"Umeona?" alisema Bi Mwanamkasi kwa sauti ya chini. "Usiponikatia wewe, mimi nnakwenda Chukwani kwa Simai. Simai hana maneno mengi."

Gharib alimjua Simai wa Chukwani. Simai angekata kilimi cha kuku kama kuku angekohoa. Kwa Simai nusu zile mbili zingetoka pamoja na sehemu ya pazia, na mtoto mwenye damu kooni na nguvu za kifaranga asingefika kesho.

Alitazama barabarani, akatazama visu vyake.

"Maji yanajaa sasa hivi," alisema mwishowe. "Damu hufuata maji. Nikimkata sasa haitokatika. Njooni baada ya alasiri, maji yakishatoka."

Hilo Bi Mwanamkasi alilielewa. Alikunja mwavuli wake, ingawa haukuwa umekunjuliwa, akateremka. Kutoka njiani akageuka. "Alasiri, Bwana Gharib. Nisikukose."

Kilichomkaa Gharib rohoni wakati ule si ujanja. Ilikuwa hofu tu, na kutoka kwenye hofu lilimjia jambo dogo moja: mama hatoki barazani mpaka aonyeshwe kipande. Ndivyo ilivyokuwa desturi. Mkataji hukiweka juu ya jani la tambuu, mama hukitazama, hapo ndipo huamini kwamba ugonjwa umetoka. Bila kipande, hata damu ikijaa kikombe, watu husema hukukata.

Akafunga mlango, akaenda Darajani kwenye mnada wa samaki. Akarudi nyumbani na kipweza kimoja kimefungwa kwenye ukindu.

Mkewe, Mwanakheir, alikuwa akikuna nazi. "Leo umekumbuka jikoni?"

"Nimeona wazuri."

Akakaa uani, akaosha ncha ya mkono mmoja wa pweza, akaimenya ngozi, akaikata ndogo kama punje ya mahindi mabichi. Nyeupe yenye wekundu wa mbali. Upande mmoja ulibaki na kikombe kimoja cha kunyonyea, kidogo sana, na alipojaribu kukikwangua nyama ilianza kuchanika. Akakiacha. Akaiviringa kwenye unga wa karafuu, ule anaoutia kwenye vidonda, mpaka harufu ya bahari ikapotea.

Mwanakheir alimtazama toka mlangoni, mbuzi ya kukunia nazi ingali chini yake.

"Gharib. Pweza wangu mkono mmoja hauna ncha."

"Usiniulize leo, mke wangu."

Mwanakheir akarudi kwenye nazi yake.

Alasiri walikuja. Gharib alikwishajitia tambuu mdomoni, kubwa, na kwa kuwa watu hawakupata kumwona bila tambuu hakuna aliyeshangaa. Aliwapanga kama alivyopanga watu siku zote, ila kwa tofauti moja. Kwa kawaida bibi hukaa upande wa kichwa. Leo akasema, "Mize mshike kichwa. Wewe, Bi, shika miguu, ndiyo yenye kazi."

Bi Mwanamkasi akaishika miguu ile miembamba kana kwamba itaruka.

Kila mara kabla ya kisu Gharib husema Bismillahi. Leo ulimi ulimkwama. Akaisema kwa ajili ya maziwa, moyoni, kwamba yashuke njia yake, na kwa sauti akaisema kama siku zote. Kipande kilikuwa baina ya vidole vyake viwili vya kushoto. Akatia kijiko, akaingiza kisu bapa, kigongo kikielekea kaakaa na makali yakimwelekea yeye mwenyewe, akakigusisha kigongo nyuma ya ulimi. Mtoto akajisokota, akatapika kidogo, akapiga ukelele. Gharib akainama kumfunika kwa kichwa chake, akatema rangi ya tambuu kwenye pamba, akaipitisha pamba mdomoni na kuitoa nyekundu. Kisha akafungua vidole juu ya jani.

Mize alikuwa amefumba macho. Bi Mwanamkasi aliachia miguu, akasogea, akainama mpaka pua yake ikakaribia kugusa jani.

"Kimoja," alisema.

Gharib alihisi tambuu inageuka jiwe mdomoni.

"Nilikwambia viwili, Bwana Gharib. Mbona kimoja?"

"Vilikuwa na shina moja, Bi. Ukikata shina, vyote vimekwisha."

Alikitazama tena. Upande wenye kikombe ulikuwa chini, umelala kwenye jani. Akanyoosha kidole kukigeuza, na Gharib akamwambia upesi, "Usikiguse kabla hakijapoa, kitamrudia." Kidole kikasimama hewani. Kisha mama yule mzee akatabasamu kwa mara ya kwanza siku ile, akalikunja jani, akalifunga kwenye pindo la kanga yake.

"Nipe mimi nikitupe," Gharib alisema.

"Kitupwe kiokotwe na nani? Nitamshonea hirizi. Kikae shingoni kwake, kisiote tena."

Gharib akashika jambo lililobaki, ambalo ndilo hasa alilokuwa amelikusudia tangu mwanzo.

"Sasa nisikilizeni. Kidonda cha vilimi viwili hakifanani na cha kimoja. Hakitaki ziwa. Mize, maziwa yakamue kwenye kikombe. Mtoto asilazwe kula, mkalisheni wima kabisa, kama mtu anayezungumza na watu. Kijiko kidogo, kiingie ubavuni, ndani ya shavu, siyo katikati. Tone. Ngoja ameze. Tone jingine. Akichoka apumzike, mumpige mgongo acheue, halafu tena. Mchana na usiku. Akilazwa kula mara moja tu, kidonda kitafunguka."

"Mpaka lini?" aliuliza Mize. Hilo lilikuwa neno lake la kwanza.

"Mpaka aweze kukaa peke yake na kula uji."

"Huo si muda mdogo, kaka Gharib."

"Kidonda ni cha vilimi viwili," alidakia Bi Mwanamkasi. "Umesikia anavyosema. Atakaa wima hata kama nitamfunga kwenye nguzo."

Wakenda zao. Usoni Gharib hakuonyesha kitu, lakini tangu siku ile alinyoa kwa masikio. Kila mteja wa Kikwajuni, mtaa wa Bi Mwanamkasi, aliyeketi alimwacha aseme kwanza, huku wembe umesimama. Mtu akisema, "Jana tulikuwa na maziko," mkono wa Gharib ulishuka. "Ya nani?" "Ya mzee mmoja, fundi seremala." Mkono ukapanda tena. Usiku alimsimulia Mwanakheir yote, na Mwanakheir akasema, "Mtoto akifa utasema uliua kwa pweza," kisha alipomwona mumewe ameinamisha kichwa akamwongezea chai.

Siku moja pale Darajani alimwona Mize kwa mbali akinunua mchicha. Mtoto alikuwa begani, amekaa wima, na mashavu yake yalikuwa yamejaa. Gharib alisimama nyuma ya magunia ya mkaa hadi walipopita.

Bi Mwanamkasi hakumsifia Gharib, alimtangaza. Harusini, matangani, kwenye foleni ya maji, hadithi ilikuwa ile ile: vilimi viwili, shina moja, nami niliishika miguu. Watu wakaja toka Bububu, toka Mkokotoni, kumtafuta yule aliyekata pacha. Gharib aliwapokea, akatia kidole, akatazama, na mara nyingi zaidi ya zamani akasema huyu hana kitu, mpeni asali arudi. Baadhi walinung'unika. Wengine walisema ndiyo alama ya fundi, hakurupuki.

Ikapita miaka miwili, na Wanu akawa mtoto wa kutembea. Alikula, alicheza, alicheka. Ila maneno yake yalitoka puani. Alipotaka kusema "kuku" ilitoka pumzi tupu mara mbili, kama mtu anayepuliza jivu. Wali ukimpitia vibaya, punje ilionekana puani. Watoto wa mtaani walikwishaanza kumwigiza.

Wakati huo kulikuwa na daktari wa upasuaji aliyepita Unguja kwa muda, mtu wa vinywa na nyuso, akitazama wagonjwa hospitali. Mize alimpeleka Wanu bila kumwuliza mamake. Na jioni ya siku ile ile alikuja barazani kwa Gharib peke yake, buibui limeshuka usoni.

"Daktari kamtazama kwa taa," alisema. "Kasema mfupa wa mbele mzima, nyama za nyuma ndizo hazikukutana alipokuwa tumboni. Kasema atazivuta huku na huku azishone katikati, na mtoto atajifunza kusema. Lakini anaondoka na meli ya Ijumaa."

"Basi msipoteze siku."

"Mama kakataa."

"Kakataaje?"

"Kapata habari, katufuata huko huko. Daktari kasema mtoto huyu hajapata kukatwa kitu. Kasema kazaliwa hivyo, hakuna kovu. Mama kasimama palepale mbele ya watu, kamwambia yule mkalimani, mwambie huyu bwana mimi niliishika miguu. Kasema daktari asiyejua hata kilichokatwa hawezi kupewa mtoto. Kamchukua Wanu katoka naye." Mize akasogea karibu. "Mama anakuamini wewe, kaka Gharib. Mwambie wewe, atakubali."

Gharib alimtazama mwanamke yule, ambaye hakupata kuuliza kitu zaidi ya "mpaka lini", akajua kwamba mambo yamerudi nyumbani kwao. Uongo wake ulikuwa umemfanya daktari mkweli aonekane mwongo.

Asubuhi ya Alkhamisi akaenda Kikwajuni. Bi Mwanamkasi alikuwa ukumbini na wanawake wawili wa jirani, wanachambua mchele. Wanu alikuwa mkekani, na shingoni kwake hirizi nyeusi ya ngozi.

Alipokewa kama mwana. Akaletewa kahawa. Akajaribu njia fupi kwanza.

"Bi Mwanamkasi, yule daktari ni mtu wa maana. Mpeni mtoto."

"Hajui, Bwana Gharib. Kasema hukumkata."

"Madaktari huwa na lugha yao."

"Lugha gani? Kukata ni kukata. Wewe ungempa wembe wako mtu asiyejua kichwa gani kimekwishanyolewa?"

Wanawake wakacheka. Gharib akacheka nao, kwa kukosa la kufanya, na kicheko kikamkauka. Wanu alikuwa amemtambaza samaki wa ukili juu ya mkeka na kumsemesha, pumzi, pumzi, maneno yasiyokuwa na mfupa.

"Na tena," aliendelea Bi Mwanamkasi, "kisu kikishapita mahali hakipiti tena. Mimi nimekwishamzika mtoto mmoja. Nikimtoa huyu akafa mezani, nitamwambia nini Mize? Kwamba niliwaachia wamkate mara mbili?"

Hapo Gharib akaiweka chini kahawa.

"Nipe hirizi," alisema.

"Ya nini?"

"Na bakuli la maji ya moto."

Walitazamana. Pengine Bi Mwanamkasi alidhani ni dawa. Alimvua mtoto kamba shingoni, akaifumua hirizi mshono mmoja mmoja kwa ncha ya sindano, kwa heshima, na ndani yake mkatoka jani la tambuu lililokuwa vumbi na kijiwe kimoja cha rangi ya kahawia. Jirani akaleta bakuli. Gharib akakitumbukiza.

Kwa muda hakikufanya kitu. Kilikaa chini ya maji kama mbegu ya tende. Kisha kikaanza kuvimba taratibu, kikalegea, kikawa cheupe kwenye kingo. Unga wa karafuu ukaelea na kuondoka. Na harufu ikapanda, haba kwanza, halafu hapana mtu ukumbini ambaye hakuisikia. Wanawake wale watatu walikuwa wamempiga pweza kwenye mawe tangu wangali wasichana. Bi Mwanamkasi alishika ungo wake wa mchele pasipo kuutikisa. Akakitoa kile kitu kwa vidole viwili, akakigeuza, na upande ule ambao hakuruhusiwa kuugusa miaka miwili iliyopita palikuwa na kikombe kidogo cha mviringo, kimefunguka kama jicho.

"Pweza," alisema jirani mmoja kwa sauti ndogo.

"Naona," alisema Bi Mwanamkasi.

Hakuna aliyecheka. Gharib alikaa mikono magotini.

"Damu?"

"Tambuu."

"Na kidonda kisichotaka ziwa?"

"Hakikuwapo kidonda. Lilikuwapo tundu. Mtoto mwenye tundu hawezi kuvuta, na akilala maziwa hupanda puani. Akikaa wima na kijiko yanashuka. Ningekwambia hivyo ungekwenda Chukwani."

"Ningekwenda."

"Basi."

"Usiniambie basi." Sauti yake ilikuwa imeshuka, na kwa wanaomjua hiyo ilikuwa mbaya kuliko makelele. "Mimi nimesimama katika harusi ngapi nikakupamba. Nimemvisha mjukuu wangu kitoweo shingoni miaka miwili. Nimekisomea Yasini, Gharib. Nimemsomea pweza Yasini."

Yule jirani wa pili akajifunika mdomo kwa kanga, mabega yakimtikisika, na Bi Mwanamkasi akamtazama mpaka akatulia.

"Nimekosa, Bi. Ulitukane jina langu mji mzima, ni haki yako. Lakini daktari kasema kweli. Mjukuu wako hajaguswa na kisu cha mtu yeyote. Cha leo ndicho cha kwanza."

Bi Mwanamkasi akamwita Wanu. Mtoto akaja, akapanda magotini kwake. Bibi akamfungua mdomo, akamwelekeza kwenye mwanga wa mlango, na kwa mara ya kwanza akatazama bila kutafuta vilimi. Alitazama muda mrefu. Kisha akapeleka kidole chake mwenyewe, kile kidogo, nyuma ya meno, juu ya matuta, juu ya mfupa, nyuma, nyuma zaidi, na uso wake ukabadilika pale kidole kilipofika mahali pasipokuwa na kitu.

Alikitoa, akakifuta kwenye kanga.

"Mize," aliita. "Mvalishe mtoto viatu."

Alipopita mbele ya Gharib hakumtazama. "Wewe nyumbani kwangu usije," alisema, na kile kipande akakitupa uani, paka akakidaka.

Kufika Ijumaa mji mzima ulikuwa na habari. Barazani wakaja vijana wasiotaka kunyolewa, ili waulize bei ya pweza. Wakamwita Gharib Pweza, na jina likamganda. Hata barua zilizomfikia baadaye zilikuwa nalo. Kina mama hawakuja tena kwa ajili ya kilimi, maana nani atakubali kuonyeshwa kipande na mtu huyu? Wengine walikwenda Chukwani, na hilo lilimuuma kuliko jina. Wengine, waliosikia hadithi mpaka mwisho wake, walichukua watoto wao hospitali. Visu vyake vidogo alivifunga kwenye kitambaa chenye mafuta akavitia sandukuni. Alibaki na nyembe na vichwa vya wanaume, na akazeeka navyo.

Kuhusu Wanu alisikia vipande vipande tu. Kwamba alishonwa. Kwamba alitokwa na damu usiku wa kwanza na bibi yake alikaa chini ya kitanda chake hospitali, hakuna aliyemwondoa. Kwamba mshono ulishika wote isipokuwa tundu dogo kama la sindano. Kwamba daktari alikwishaondoka na meli yake, na mtoto amerudi Kikwajuni anakula uji tu, wima. Gharib alinyoa na kusikiliza. Kuuliza aliona haya.

Upepo wa kusi ukavuma msimu wake, ukaisha. Adhuhuri moja, akiwa ananoa wembe kwenye ukanda, alimwona Mize amesimama upande wa pili wa njia, anatazama pengine kabisa, kama mtu aliyesita kupita. Msichana mdogo akavuka peke yake na bakuli lililofunikwa kwa kawa, analishika kwa mikono miwili, anatembea polepole kwa kuogopa kumwaga. Akaliweka ukingoni mwa baraza.

Harufu ilimfikia Gharib kabla ya kawa kuondolewa. Pweza wa nazi.

"Nani kakutuma, mwanangu?"

Msichana alivuta pumzi. Ilionekana alifundishwa maneno yale na akarudishwa mara nyingi mpaka akayaweza. Alifungua mdomo, akasita, nyuma kabisa pale pazia likajiinua, na pumzi, badala ya kukimbilia puani, ikagonga mahali ikasimama.

"Bibi kasema," alisema Wanu, sauti nzito, hewa kidogo ikivuja bado, lakini kila neno limesimama kwa miguu yake, "huyu wa kula. Si wa kukata."

Kisha akangoja bakuli.